Bruno Ganz kabla ya Der Untergang

Wengi hudhani mwigizaji Bruno Ganz aliibuliwa na Der Untergang, filamu ya siku za mwisho za Hitler ambamo yeye ndiye Hitler. Hapana, hakuibuliwa nayo. Filamu ile ni ya 2004, naye alizaliwa Zürich 1941. Mwaka 1970 alikuwa tayari na mwongozaji Peter Stein pale Schaubühne, jumba la maigizo la Berlin Magharibi, na mwaka 2000 wawili hao wakaonyesha Faust yote, tamthilia ya Goethe, sehemu zote mbili bila kukata maandishi. Ukihesabu na mapumziko, ni zaidi ya saa 20. Tangu 1996 alikuwa na pete ya Iffland, heshima ya waigizaji wa Kijerumani ambayo kila anayeishika humteua mrithi wake. Alipofariki 2019 ikaenda kwa mwigizaji Jens Harzer.

Kuhusu ile sauti ya Hitler: wanaomwiga hukosea kwa kukariri makelele ya hotuba. Ganz alisikiliza kanda iliyorekodiwa kwa siri Finland mwaka 1942, Hitler akizungumza na Mannerheim, mkuu wa jeshi la Finland, kwa sauti ya kawaida, nzito na tulivu. Ili kuuigiza mkono wa Hitler unaotetemeka, alikwenda kuwatazama wagonjwa wa Parkinson, ugonjwa wa kutetemeka. Irudie filamu, umtazame mkono wa kushoto anapouficha nyuma ya mgongo. Kazi kubwa iko hapo.