Kamera au elimu ya bahari: aanze na lipi?

Dada yangu wa Malindi, umeuliza kama binti yako, aliyemaliza kidato cha nne na anayetaka kutengeneza filamu za chini ya bahari, asomee kwanza kamera au viumbe wa baharini. Ningemshauri aanze na viumbe, na Chuo Kikuu cha Pwani kiko Kilifi, si mbali na nyumbani. Kamera hufundishika kando ya masomo mengine, ilhali jicho linalotambua kwamba tumbawe lililogeuka jeupe huenda halijafa, bali limepoteza mwani mdogo mno unaolilisha, halinunuliwi dukani.

Kupiga mbizi kwa mtungi ajifunze mapema, wala asishike kamera kabla hajaweza kutulia majini bila kupanda wala kuzama, maana teke moja huvunja tumbawe lililokua kwa miaka mingi. Aelewe pia kwamba rangi nyekundu hupotea katika mita chache za mwanzo, ndiyo maana picha zisizo na taa hutoka za buluu tupu.

Hapo kwenu kuna somo jingine: upepo wa kaskazi husukuma tope la Mto Sabaki hadi kwenye matumbawe ya Malindi, na kusi hulipeleka upande wa pili, kwa hiyo aweke daftari la hali ya maji kila mwezi. Wavuvi watamfundisha mengi, akiwasikiliza.

Kuhusu kipato, nisikufiche: wachache huishi kwa filamu peke yake. Shahada inaweza kumpa kazi ya utafiti huku akisubiri.