George Michael baada ya Wham! hakuishiwa: jibu refu kwa mleta uzi

Mkuu uliyeanzisha uzi, umeuliza mambo mawili. Kwanza, mbona George Michael, mwimbaji Mwingereza aliyetokea kundi la Wham!, ana albamu chache hivi kwa mtu aliyekuwa mkubwa kiasi kile. Pili, mtu ambaye hajui zaidi ya Careless Whisper aanzie wapi. Mchangiaji mmoja hapo juu akakujibu kwamba jamaa aliishiwa baada ya Faith, albamu yake ya kwanza ya peke yake. Hilo siwezi kuliacha lipite. Mimi napiga kinanda na kuimba kwenye bendi ya hoteli huku pwani, na nyimbo zake tunazipiga kopi miaka nenda miaka rudi. Wimbo ukiupiga kila wiki unakuonyesha mambo ambayo redio haikuonyeshi.

Careless Whisper kwanza, kwa kuwa ndipo wengi walipo. Watu wanauita wimbo wa Wham!, na kweli umo kwenye albamu yao ya pili, lakini Uingereza mwaka 1984 ulitoka kwa jina la George Michael peke yake. Aliutunga na rafiki yake Andrew Ridgeley, mwenzake wa Wham!, wakiwa bado vijana wadogo wasiojulikana na mtu. Mara ya kwanza ulirekodiwa Muscle Shoals, kule Alabama, Marekani, chini ya Jerry Wexler, mzee aliyesimamia kazi kubwa za Aretha Franklin. Kijana aliyekuwa ndiyo kwanza anagusa miaka 20 akaisikiliza kazi ya mzee yule, akaikataa, akarudi London akaurekodi upya chini ya usimamizi wake mwenyewe. Shika hapo. Mambo yote yaliyokuja baadaye yamo kwenye uamuzi ule.

Na ule mstari wa saksafoni. Walipita wapigaji kadhaa studio kabla ya Steve Gregory kuutoa alivyoutaka George. Noti ya kwanza iko juu sana, na saksafoni ya Gregory ilikuwa ya zamani, haina kitufe cha noti hiyo. Mafundi wakapunguza kasi ya tepu mpaka wimbo ukashuka nusu noti, Gregory akapiga, kisha tepu ikarudishwa kwenye kasi yake. Kwetu kila mpiga saksafoni mgeni anafika akiujua mstari huo kwa kichwa, na wengi wanaanza vizuri halafu pumzi inawakatikia pale unaposhuka mara ya nne. Chini yake kuna kodi (chords) nne tu, zinazunguka toka mwanzo hadi mwisho, ubeti na kiitikio kilekile. Ukiwa kwenye kinanda ndipo unaona kwamba wimbo mzima unabebwa na sauti ya mwimbaji, kwa sababu muziki wenyewe hauendi popote.

Mwaka 1986, kabla Wham! hawajaagana na mashabiki kwenye uwanja wa Wembley, London, tarehe 28 Juni, alitoa A Different Corner. Alitunga, akaimba, akapiga vyombo, akatayarisha, yote mwenyewe, na ukashika namba moja Uingereza. Sasa jiulize swali lako la kwanza tena: mtu anayefanya kila kitu peke yake atatoa albamu ngapi?

Faith ilitoka mwishoni mwa Oktoba 1987. Nyimbo zote ni zake, isipokuwa mmoja aliotunga na David Austin, rafiki yake wa utotoni. Marekani ilitoa nyimbo nne zilizofika namba moja: Faith, Father Figure, One More Try na Monkey. Mwaka 1989 ikachukua Grammy ya albamu bora ya mwaka, na mauzo yake duniani yalipita nakala milioni 20. Ilipanda mpaka kileleni mwa chati ya albamu za watu weusi kule Marekani, jambo ambalo hakuna mwimbaji Mzungu wa kujitegemea aliyekuwa amelifanya.

Wengi wanakumbuka jaketi la ngozi na miwani ya kwenye video ya Faith. Mimi nakuomba usikilize One More Try. Wimbo unakaribia dakika sita na hauna kiitikio. Maneno ya jina la wimbo yanatajwa mwishoni kabisa, wakati msikilizaji ameshasubiri mno. Kinanda kinashikilia kodi ndefu kama za kanisani, na mwimbaji hana pa kujificha: akiongeza mbwembwe mapema anauharibu, kwa sababu ubeti wa mwisho utakuwa hauna pa kupanda. Tukiupiga usiku wahudumu wanasimama na trei mkononi. Huyu ndiye mtu anayeambiwa alikuwa sura tu.

Na yeye mwenyewe ile sura ilimchosha. Septemba 1990 akatoa Listen Without Prejudice Vol. 1. Kwenye jalada hayupo. Kuna picha ya zamani ya mpiga picha Weegee, umati wa watu waliojazana ufukweni Coney Island, New York. Video ya Praying for Time ni maneno ya wimbo tu kwenye giza. Kwa Freedom! '90 aligoma kuonekana, kwa hiyo mwongozaji David Fincher akawachukua wanamitindo Naomi Campbell, Linda Evangelista, Christy Turlington, Cindy Crawford na Tatjana Patitz wakaigiza kuimba maneno yake, huku lile jaketi la Faith likiungua, na gitaa na sanduku la santuri vikilipuliwa. Hata hivyo Praying for Time ulifika namba moja Marekani. Uingereza albamu hiyo iliuza kuliko Faith. Marekani ikauza sehemu ndogo tu ya Faith, na hapo ndipo ugomvi ulipoanzia.

Aliamini kampuni yake ya muziki haikuisukuma albamu ile kwa sababu aligoma kujitangaza. Mkataba wake ulikuwa na CBS, ambayo baadaye ilinunuliwa na Sony. Mwaka 1992 akaenda Mahakama Kuu ya London akidai mkataba unamfunga isivyo halali. Juni 1994 akashindwa, jaji akasema mkataba ni wa haki. Mwaka 1995 yakafanyika makubaliano, akaachiwa, akahamia kampuni ya Virgin kwa Uingereza na DreamWorks kwa Marekani. Vol. 2 ya albamu ile haikutoka kamwe, na nyimbo tatu mpya alizitoa kwenye albamu ya hisani ya kupambana na UKIMWI mwaka 1992. Kwa hiyo ndugu yangu uliyesema aliishiwa, kati ya 1990 na 1996 hakuna albamu kwa sababu mtu alikuwa mahakamani, na kwa sababu nyumbani alikuwa anauguza.

Alikuwa na mpenzi, Mbrazili aitwaye Anselmo Feleppa, waliyekutana Rio mwaka 1991. Anselmo aligundulika na virusi vya UKIMWI, akafariki Machi 1993. Wakati huo George alikuwa hajasema hadharani kwamba anapenda wanaume, alisema mwaka 1998, kwa hiyo msiba huo aliubeba kimyakimya mbele ya dunia nzima. Tarehe 20 Aprili 1992, kwenye onyesho la kumkumbuka Freddie Mercury pale Wembley, aliimba Somebody to Love na wale waliobaki wa Queen, bendi ya Freddie. Freddie ni mzaliwa wa Zanzibar, na sisi wa huku hatuchoki kulitaja hilo. George alieleza baadaye kwamba aliimba akijua hali ya mwenzake. Itazame tena ukijua hivyo, hasa anapowaachia umati waimbe naye. Sijaona mtu mwingine aliyebeba wimbo wa Freddie namna ile.

Kutoka hapo ndipo ilipokuja Older, Mei 1996, na hii ndiyo ninayoisimamia mimi. Sauti imeshuka, imetulia, tarumbeta iko mbali, gitaa linapigwa Kibrazili. Aliitoa kwa heshima ya Antônio Carlos Jobim, mtunzi wa Kibrazili, na Anselmo. Jesus to a Child ni wa Anselmo waziwazi, ingawa mwaka ule wachache walijua. Mrahaba wa wimbo huo aliutoa kwa Childline, simu ya msaada kwa watoto Uingereza, na jambo hilo lilitangazwa alipokwisha kufariki. Nyimbo sita za albamu hiyo ziliingia tatu bora Uingereza. Kwenye Fastlove, ambao disko zote waliucheza, sikiliza maneno chini ya ile besi: ni mtu aliyefiwa anayetafuta pa kusahau. Nilichelewa kulitambua hilo mpaka nilipolazimika kuyakariri ili niyaimbe.

Zilizobaki nazipitia haraka. Songs from the Last Century ya 1999 ni nyimbo za watu wengine, aliitayarisha na mtayarishaji Phil Ramone, nzuri ukiwa umeshamzoea. Patience ya 2004 ilikuwa kurudi Sony, ndefu kupita kiasi kwa maoni yangu, lakini wimbo wake Amazing una raha ambayo hakuwa nayo tangu ujana. Symphonica ya 2014 ni ya jukwaani na okestra. Alifariki nyumbani kwake Goring, Uingereza, siku ya Krismasi 2016, akiwa na miaka 53. Hesabu basi: albamu tano za studio, moja ni ya nyimbo za wengine, nne zake mwenyewe.

Kuhusu pa kuanzia, najua wengi watakwambia Faith. Mimi nasema anza na Listen Without Prejudice, isikilize yote kwa mpangilio wake bila kuruka, halafu Older, ndipo urudi Faith ukiwa tayari unajua anakoelekea. Usianzie kwenye mikusanyiko ya nyimbo bora, inachanganya miaka na unakosa kusikia sauti inavyobadilika. Na ukifika mwisho wa Older tulia kwenye You Have Been Loved, alioutunga na David Austin yuleyule, kuhusu mama anayelitembelea kaburi la mwanawe. Kisha rudi hapa utuambie kama bado unamwona aliishiwa. Wapiga kinanda wenzangu humu, anayejua namna nzuri ya kupanga zile kodi za Cowboys and Angels, wimbo wa Listen Without Prejudice, kwa bendi ya watu wanne aweke hapa chini, maana sisi bado tunahangaika nazo.