Majirani walijuaje kwamba mumeo analala sebuleni?

"Shangazi, shikamoo. Mimi ni mama wa watoto wawili. Mtaani nimekuwa gumzo. Wanasema namnyanyasa mume wangu tangu apoteze kazi, eti nimemhamishia sebuleni na nguo zake anafua mwenyewe. Nikipita wanacheka. Kinara wao ni wifi yangu: juzi alinifuata mpaka chumbani, hata hodi hakupiga, akaniuliza uso kwa uso kama ni kweli nimemfukuza kaka yake kitandani. Dharau gani hiyo? Mambo yangu mimi simwambii mtu, isipokuwa shosti wangu mmoja tu, na ndiye anayenitonya kila wanachosema. Mume wangu hanitetei, amenyamaza kama hayamhusu. Nawajibu mwenyewe kwenye status, lakini ndiyo kwanza wanazidi. Nataka nimsute wifi mbele za watu, kisha tuhame. Nishauri."

Marahaba, mwanangu. Pole. Kusemwa kunauma, na anayekwambia "wapuuze tu" hajawahi kusemwa yeye. Pole hiyo itunze vizuri, maana leo huna nyingine kutoka kwangu.

Barua yako nimeisoma nikairudia, natafuta neno moja: "uongo". Sikuliona. Umeniambia wanasema, wanacheka, wanakudharau. Hujaniambia popote kwamba mumeo analala kitandani kwake. Mtu aliyezushiwa huanzia hapo. Wewe umeanzia kwa wifi.

Haya, tuulizane. Mume kulala sebuleni ni jambo la usiku, mlango umefungwa, taa zimezimwa. Jirani amelijuaje? Mumeo hakulisema, mwanamume aliyepoteza kazi kisha akahamishiwa kwenye kochi halitangazi hilo. Watoto? Nakubali, watoto huropoka. Lakini mtoto atasema "baba analala kwenye kochi" na kuishia hapo. Hawezi kusema kwamba mama amemhamisha baba kwa sababu hana kazi. Hayo ni maneno ya mtu mzima, tena aliyesimuliwa akayaelewa vizuri. Na mtu mzima uliyemsimulia umemtaja mwenyewe: shosti wako mmoja tu. Mwanangu, huyo mmoja wako naye ana mmoja wake tu.

Tena mtazame vizuri. Ili akuletee kila neno linalosemwa, lazima awe amekaa pale linaposemwa. Akiwa pale anafanya nini? Hujaandika hata mahali pamoja kwamba aliwahi kukutetea, au kwamba aliinuka akaondoka. Na wambea si wajinga, hawamsengenyi mtu mbele ya rafiki yake mpaka wajue rafiki huyo naye ana lake la kuongezea. Kikulacho ki nguoni mwako, na wewe bado unakikumbatia.

Sasa huyo wifi. Utanikasirikia, lakini mimi niko upande wake. Katika barua nzima, yeye ndiye mtu pekee ambaye hakukusengenya. Alisikia jambo zito juu ya kaka yake, akalileta kwa mwenyewe, akauliza. Msengenyaji haulizi, maana yeye anajua tayari. Kuingia chumbani kwa mtu bila hodi ni kosa, na hilo mwambie, mkiwa wawili. Lakini umsute kwa lipi? Kumsuta mtu ni kumtaka athibitishe mbele ya mashahidi kile alichokisema. Yeye hakusema kitu, aliuliza. Ukimkusanyia watu, atakurudishia swali lile lile kwa sauti kubwa, na safari hii wote watakaa kimya wakusubiri ujibu. Halafu mbona hujaniambia ulimjibu nini siku ile chumbani?

Tuje kwa mwenyewe, mume. Unalalamika hakutetei. Akutetee kwa maneno gani? Asimame mbele ya watu aseme "mke wangu anasingiziwa", kisha usiku achukue mto wake aende sebuleni? Unamtaka aseme uongo kulinda jina lako, na jina lake yeye nani analilinda? Kuna jambo hukuliona wakati unaandika. Wifi alikuja kukuuliza wewe. Maana yake kaka yake hajamwambia. Mtoto wa watu kapoteza kazi, kapoteza kitanda, ana dada aliye tayari kumpigania, na bado hakumfungulia mdomo. Kimya chake ndicho kinachokusitiri, na wewe unakihesabu kuwa ubaya. Siku akikitoa hicho kitakuwa kilio chako.

Ndiyo ndoa za siku hizi. Nyumba ina geti, ina pazia zito, lakini mwenye nyumba kashika simu anamwaga ya ndani usiku kucha. Wenzi wamegombana jioni, kabla ya alfajiri shosti anajua, kundi la wanawake linajua, na picha ya wasifu imeshabadilishwa ikawekwa ua jeusi. Mume naye hana nafuu, akinuniwa kidogo anaenda kusimulia wenzake kazini. Kisha asubuhi mmepatana, mnakunywa chai pamoja, na wale mliowasimulia bado wako kwenye ugomvi wa jana. Ninyi mmesameheana, wao hakuna aliyewaomba msamaha. Zamani watu nao waligombana, tena sana, lakini la chumbani lilisubiri mtu mzima wa kusuluhisha. Halikutafuta watazamaji. Haya, nimetoka nje ya barua yako, nirudi.

Hizo status. Unasema unawajibu. Unaandika mafumbo usiku, "mnaonisema nawajua", "kila nyumba ina yake", na nani anasoma? Wanasoma hata wasiokuwa na habari. Bosi wako, mwalimu wa watoto, shemeji aliye mbali, wote wanaanza kuulizana: kuna nini kwa huyu? Wanasaikolojia wawili wa Marekani, Gordon Allport na Leo Postman, waliandika mwaka 1947 kwamba uvumi hunawiri pale mambo mawili yanapokutana: jambo liwe linawagusa watu, na ukweli wake uwe haueleweki. Mafumbo yako yanaleta yote mawili. Mmbea alikuwa amekosa la kusema, wewe ukampelekea.

Na kicheko unachosikia ukipita, si chote chako. Mwaka 2000 mtafiti Thomas Gilovich na wenzake walichapisha majaribio waliyofanya na wanafunzi wa chuo kikuu huko huko Marekani. Mwanafunzi alivalishwa fulana yenye picha ya mwanamuziki ambayo vijana waliona ni aibu kuivaa, kisha akaingizwa kwenye chumba chenye wenzake. Alipoulizwa wangapi wameiona picha, alikisia karibu nusu yao. Kumbe walioweza kuitaja ni kama robo tu. Ndivyo tulivyo, tunadhani macho yote yako kwetu. Wengine pale walikuwa wanacheka mambo yao. Hata wale waliokucheka kweli, wakifika kwao wana madeni yao na waume zao wa kuwawazia.

Kwa hiyo, mwanangu, kusuta futa. Status zifute zote leo, na usiandike nyingine ya kueleza kwa nini umefuta. Kisha kaa na mumeo watoto wakishalala, umwambie wewe mwenyewe kwamba siri ilitoka kwako na uliyempa ni nani. Usimtumie ujumbe, sema kwa mdomo. Usianze na "na wewe ulinikosea". Kama ana yake ya kujibu, na nina hakika anayo, msikilize mpaka mwisho. Alale wapi usiku huo mtaamua wenyewe, mimi wala majirani hatuna haja ya kujua.

Shosti usigombane naye, atapata habari mpya ya kupeleka. Akija na "umesikia wanavyosema?", mwambie hutaki kusikia, ubadilishe mazungumzo. Asipokuwa na la kuchukua wala la kuleta, utaona mwenyewe anavyopunguza kuja.

Kuhama je? Mtahama na shosti atakupigia simu kesho yake kukujulia hali. Fanya kwanza hayo niliyokuambia. Ukiona bado una hamu ya kuhama, niandikie tena, ila barua hiyo mumeo aisome kabla yangu.