Bolti za Tiguan kwenye rimu mpya

Ndugu, umeuliza kama bolti za zamani za gari lako, Volkswagen Tiguan, zitafunga rimu ulizonunua Kirinyaga Road. Angalia shingo kwanza, yaani sehemu iliyo chini ya kichwa cha bolti inayokandamiza rimu. Bolti za Volkswagen zina shingo ya mviringo kama mpira, lakini rimu nyingi zisizo za kiwandani hutaka iliyochongoka kama pia, digrii 60. Ukichanganya, bolti hugusa ukingo mwembamba tu, kisha hulegea barabarani hata kama ilikazwa vipi. Kipimo ni M14x1.5, yaani unene milimita 14 na nafasi kati ya meno milimita 1.5. Muuza spea akikupa ya BMW X5 ya toleo la E70, hiyo ni M14x1.25, itakula meno ya hubu, kile kitovu ambacho gurudumu hufungwa. Ingiza kwa mkono, mizunguko saba hivi kabla ya kukaza. Vijana wa tairi na bunduki yao ya upepo, waambie waiweke kando: tumia spana ya torki, ile inayopima nguvu ya kukaza, ukikaza kwa msalaba, bolti moja kisha iliyo upande wa pili, halafu ukague tena baada ya kilomita 50.