Kungoja treni Katpadi ukiwa na mgonjwa

Mkuu, swali lako nililiona tangu jana ila nilitaka nikae nijibu vizuri. Umesema bi mkubwa amepangiwa matibabu Vellore, kusini mwa India, mnatua Chennai, na nyumbani mmegawanyika: wengine wanataka taksi moja kwa moja, wengine treni hadi stesheni ya Katpadi. Mkimaliza mnakwenda Bengaluru kwa treni ya usiku, na unauliza kama stesheni ile inafaa kungojea na mgonjwa. Mimi nimepita hapo na mama yangu mara mbili. Mara ya pili tulikaa Vellore wiki tisa kwa ajili ya mgongo wake, na usiku mmoja tukalala stesheni bila kupanga. Kosa lilikuwa langu, nitalieleza.

Kwanza jiografia, maana wengi huchanganya. Hospitali iko katikati ya mji wa Vellore. Treni kubwa hazifiki hapo, zinasimama Katpadi, ng'ambo ya mto Palar, kilomita kama saba. Kuna stesheni nyingine inaitwa Vellore Cantonment, iko karibu zaidi na mji, lakini treni zinazokufaa ninyi kule ni chache, usidanganyike na jina. Ule mto wenyewe usiutarajie maji. Mara zote mbili tulivuka daraja refu juu ya mchanga, mama akauliza mto uko wapi.

Katpadi ni njia panda. Reli ya Chennai inakuja kutoka mashariki na kuendelea magharibi hadi Jolarpettai, na huko ndiko ya Bengaluru inakoachana na ya Salem. Inakatwa na reli nyingine inayotoka Villupuram upande wa kusini kwenda Tirupati kaskazini. Kwa vipimo vya India ni stesheni ndogo, unaizunguka kwa miguu kwa muda wa kunywa chai. Ila ni kongwe kwa njia. Reli ya kwanza kusini mwa India ilifunguliwa tarehe 1 Julai 1856, kutoka Royapuram pale Madras (ndiyo Chennai ya leo) hadi Walajah Road, stesheni mtakayoipita muda mfupi kabla ya Katpadi. Hiyo ni miaka 40 kabla Mwingereza hajaanza kutandika reli ya Mombasa.

Sasa mimi ni mtoto wa Tabora, nimekulia njia panda ya reli, na hilo ndilo lililoniponza. Tabora treni ikifika hutulia. Mabehewa ya Mwanza yanakatwa, ya Kigoma yanaunganishwa, abiria anashuka ananunua asali, anaoga uso, anagombana na mtu, anarudi anaikuta. Nikajua njia panda zote ziko hivyo. Katpadi treni nyingi zinasimama dakika mbili, na dakika mbili zao ni mbili kweli. Treni ina mabehewa ishirini na zaidi, kwa hiyo ukisimama kichwani na behewa lenu liko mkiani, na mgonjwa mwenye mkanda wa mgongo huwezi kumkimbiza. Treni itaondoka mnaiangalia.

Dawa yake ni kujua mtasimama wapi kabla treni haijaingia. Juu ya jukwaa kuna vibao vya taa vinavyoonyesha namba za mabehewa: S5, B2, A1, C3 na kadhalika. S ni slipa, yaani behewa la vitanda, isiyo na kiyoyozi, B ni yenye kiyoyozi vitanda vitatu kwenda juu, A ni vitanda viwili, C ni viti vya kukaa. Vibao hivyo huwaka treni ikiwa imekaribia tu, usipanikie ukiviona vimezima. Na kama huelewi, tafuta kuli. Neno ni lile lile la makuli wa bandarini Dar, tofauti hawa wanavaa shati jekundu na beji ya shaba mkononi. Elewaneni bei kabla hajagusa begi. Huyo mtu anajua behewa lako litasimama mbele ya nguzo gani, na pale tulipofika naye ndipo mlango ulipokuja kusimama, mama alibaki mdomo wazi.

Haya, ule usiku. Tiketi yetu ya Bengaluru iliandikwa tarehe 14, saa 00:40. Tarehe 13 mchana mama akaniuliza, "Si tunaondoka leo usiku?" Nikamwambia hapana mama, tarehe 14, hii hapa imeandikwa. Akanyamaza. Tarehe 14 saa nne usiku tukafunga mizigo, tukaaga watu wa lodge, tukachukua bajaji (ndiyo, bajaji zile zile, huko ndiko kwao) hadi Katpadi. Treni yetu ilikuwa imeondoka karibu saa ishirini na mbili zilizopita.

Unaliona kosa? Dakika arobaini baada ya saa sita usiku tarehe 14 ni usiku wa kuamkia tarehe 14, yaani unatoka nyumbani tarehe 13. Na mama alikuwa sahihi tangu mwanzo, kwa sababu yeye anahesabu kizee. Kwake siku inaanza magharibi, na usiku wa Ijumaa ni ule unaoamkia Ijumaa. Mimi mwenye simu na programu ya tiketi ndiye nilikosea. Hadi leo akitaka kunifunga mdomo mbele ya wajukuu anasema tu, "Muulizeni baba yenu leo tarehe ngapi."

Dirishani karani aliiangalia tiketi, akagonga kioo kwa kalamu pale penye tarehe, hakusema neno. Nikamuuliza kama kuna nafasi treni nyingine usiku ule. Akasema, "Illa." Mama nyuma yangu akadakia, "Ila nini?" Nikamwambia amesema hakuna. "Mbona amesema ila?" Kitamili illa ni hakuna, hapana, basi imeisha hiyo. Mswahili anabaki anangojea sentensi iendelee. Na pale kichwa kinapoyumba kushoto kulia kama kinakataa, mara nyingi ndio anakubali. Zizoee hizo mbili mapema, zitawaokolea ugomvi.

Kurudi lodge saa tano usiku na mizigo mama hakutaka. Chumba cha kungojea kilikuwa kimejaa, tukatafuta benchi chini ya feni jukwaa namba moja. Nikatandika kanga mbili, akajilaza upande wake usiouma.

Nilichokiona usiku ule ni kwamba nusu ya watu pale ni wagonjwa au wauguza wagonjwa. Unawajua kwa bahasha kubwa za picha za eksirei, kila familia imekumbatia yake, wengine wamelalia. Wengi wanatoka mbali kuliko unavyofikiri: Bengali Magharibi, Jharkhand, Bangladesh, safari za siku mbili ndani ya treni. Ndiyo maana mitaa ya karibu na hospitali imejaa vibao vya Kibengali na hoteli za wali kwa samaki, jambo ambalo bi mkubwa wako atalishukuru akichoka na idli, vile vikate vya mchele vya mvuke. Hospitali yenyewe ilianzishwa na daktari Mmarekani, Ida Scudder, mwaka 1900 na kitanda kimoja. Sasa hivi stesheni nzima inaishi kwa ajili yake.

Nusu ya pili ni mahujaji wa Kihindu wa hekalu la Tirupati. Saa tisa usiku ikaingia treni kutoka huko, ikashusha familia nzima vipara, baba, mama, bibi, watoto watatu, vichwa vimepakwa msandali wa njano hadi vinang'aa chini ya taa. Mama aliamka akawaona, akaniuliza kwa sauti ya chini kama nao wanatoka hospitali. Nikamweleza kuwa ni nadhiri, nywele wameziacha kwa mungu wao mlimani. Akawaangalia kwa muda mrefu. Yule bibi kipara naye akamwona mama yangu na mkanda wake wa mgongo, akamwita "amma", akampa ndizi mbili. Mama akajibu "ahsante mama", wakaelewana kabisa.

Mengine ya usiku: mbwa wapo ila hawana habari na mtu. Mbu wapo na wana habari na kila mtu, beba dawa ya kupaka. Treni za mizigo hupita bila kusimama, benchi linatetemeka, mgonjwa mwenye maumivu ya mifupa atazichukia. Tangazo linatolewa kwa Kitamili, Kihindi na Kiingereza, kwa hiyo usikate tamaa ukisikia la kwanza, subiri la tatu. Namba ya jukwaa inaweza kubadilika dakika za mwisho, na hapo kuvuka ni kwa daraja la juu. Ukiwa na mgonjwa asiyepanda ngazi nenda mapema ofisi ya msimamizi wa stesheni uombe kiti cha magurudumu, na mchana wa siku moja kabla kakague mwenyewe lifti iko wapi na kama inafanya kazi. Usimtume mtu, wala usiniamini mimi, mambo hubadilika.

Alfajiri wauza kahawa wakaanza, "kaapi, kaapi, kaapi" kama wimbo, na nyuma yao wa vadai (kama bajia za dengu) za moto zenye pilipili manga nzima ndani. Mama akaketi, akawa anaziangalia reli. Marehemu baba alifanya kazi ya kubadilisha njia za treni pale Tabora, kwa hiyo jicho la mama kwa reli si la mgeni. Akasema, "Hizi zimetanuka." Na kweli, za India ni milimita 1,676, wakati zetu za zamani za reli ya kati ni 1,000. Nikamwonyesha upande wa reli ya Villupuram, nikamwambia hiyo nayo ilikuwa ya mita moja kama ya kwetu hadi walipoipanua. Akauliza wale wafanyakazi wa reli nyembamba walipelekwa wapi. Sikuwa na jibu.

Kulipokucha nikarudi dirishani. Hapa kuna kitu cha kukusaidia: orodha ya abiria ikishafungwa, viti vilivyobaki wazi huuzwa dirishani hapo hapo. Tukapata viwili vya kukaa, behewa lenye kiyoyozi, treni ya asubuhi. Yule kuli akatusimamisha kwenye nguzo yetu, treni ikaja, mama ndani, begi ndani, bahasha ya picha ndani, tukaondoka.

Kuhusu kukata tiketi, tatizo la Katpadi ni kuwa treni nyingi hazianzii hapo. Mgao wa viti wa stesheni za katikati ni mdogo, na ukiwekwa foleni ya WL (ya kungojea nafasi) inasogea polepole. Tiketi ya mtandaoni ikibaki WL hadi mwisho inajifuta yenyewe, hela inarudi, na huruhusiwi kupanda nayo. Ya RAC, yaani isiyo na kitanda kamili, unapanda, ila mnakaa wawili kwenye kitanda kimoja cha pembeni, kwa mgonjwa wa mgongo ni adhabu. Ujanja wa wenyeji: kama kutoka Katpadi kumejaa, angalia treni hiyo hiyo kutoka Chennai. Mara nyingi mgao wa huko bado upo. Unanunua kutoka Chennai, halafu unaandikisha kuwa mtapandia Katpadi. Hiyo sehemu ya pili usiisahau. Wakala mmoja wa karibu na lodge yetu aliisahau kwa jamaa wa Zambia tuliyepanga naye, mkaguzi akakuta kitanda kitupu tangu Chennai, akampa mtu mwingine. Nafasi za dharura (wanaziita Tatkal) zinafunguliwa siku moja kabla ya safari, saa nne asubuhi kwa mabehewa ya kiyoyozi na saa tano kwa slipa, zinaisha kama maandazi. Omba kitanda cha chini, akina mama wa miaka 45 na kuendelea wana mgao wao.

Sasa taksi au treni? Kwenda, chukueni taksi, hasa mkitua usiku. Ametoka kwenye ndege mbili, ana maumivu, hajazoea joto, na stesheni ya Chennai Central ni bahari ya watu, usimwanzishie hapo. Ni kama kilomita 140, analala kiti cha nyuma hadi mlangoni. Mkitua asubuhi na ana nguvu, metro inatoka uwanja wa ndege hadi Central bila kubadilisha, na treni za kwenda Katpadi ni nyingi. Treni ya kasi, Vande Bharat ya asubuhi ya kwenda Mysuru, inafika chini ya saa moja na nusu ila inaondoka kabla ya saa kumi na mbili asubuhi. Kurudi, treni. Mgonjwa aliyekaa wiki nyingi chumbani anahitaji dirisha, na mama yangu mashamba ya minazi ya njiani aliyasimulia kuliko upasuaji wenyewe.

Treni ya usiku ya Bengaluru si mbaya, tatizo ni kuwa mtafika alfajiri mno na mtangojea tena kule. Mimi ningechukua ya mchana. Mkishikilia ya usiku, mkipata tiketi ipigeni picha muiweke hapa, mfunike majina na PNR (namba ya tiketi), muacheni tarehe na saa vionekane, tuwahesabie kabla hamjafunga mizigo.