Anza na Chomana Dudi

Umeuliza kama sinema ya Kikannada, kule Karnataka kusini mwa India, imewahi kugusa ukandamizaji wa matabaka au ni nyimbo na ngumi tu. Imegusa, tena kwa nguvu. Tafuta Chomana Dudi ya mwaka 1975, iliyoongozwa na B. V. Karanth kutokana na riwaya ya Shivaram Karanth. Choma ni kibarua wa tabaka la wanaohesabiwa kuwa hawagusiki. Ana maksai wawili aliowafuga mwenyewe, na anachotaka ni kipande cha shamba alime. Hapewi, kwa sababu mila haimruhusu mtu wa tabaka lake kuwa na shamba. Maksai wapo, nguvu anazo, ardhi hana! Deni linawapeleka watoto wake kwenye mashamba ya kahawa, na huko binti yake Belli anatumiwa vibaya. Mtoto wake mdogo anazama mtoni huku watu wakitazama, maana kumgusa ni kujitia najisi. Hasira zote Choma anazimalizia kwenye ngoma yake. M. V. Vasudeva Rao, aliyemwigiza, alipata tuzo ya taifa ya mwigizaji bora, na alistahili kabisa.

Ukitoka hapo nenda Samskara ya 1970. Hiyo inawageukia Wabrahmin wenyewe, tabaka la juu la makuhani: mwenzao aliyevunja miiko amefariki, na maiti inaoza wakibishana nani aichome. Bodi ya udhibiti iliizuia mwanzoni, kisha ikashinda tuzo ya taifa ya filamu bora.