Mguu Umevunjika Pande Mbili, Bima Inaona Upande Mmoja

Maswali ya wasomaji kuhusu hospitali, faili na bima. Anayejibu ni afisa wa rekodi za matibabu jijini Nairobi.

SWALI: Mama, habari za kazi? Mdogo wangu ni mwendeshaji wa boda boda. Mwezi wa nne mvua ikinyesha, gari dogo lilimgonga kwenye Barabara ya Outer Ring, mguu wa kulia ukavunjika kwenye kifundo, pande zote mbili, na upande wa ndani mfupa ukatokeza nje. Usiku huohuo hospitali ilimwosha jeraha na kumfunga vyuma vya nje. Siku ya tatu wakaliosha tena, na siku ya kumi na moja wakampasua na kumwekea bamba na skrubu. Ana bima kupitia chama chao. Sasa bima imekataa sehemu kubwa ya bili ikisema ugonjwa ulioandikwa hauendani na matibabu, na hospitali inatudai 186,000. Nakala ya barua nimeiambatanisha. Tufanye nini? Na kwa nini hawakumpiga plasta tu, kama jirani yetu aliyepona bila kisu?
Dada yake, Kayole

JIBU: Dada, pole sana, na mdogo wako umfikishie pole zangu. Barua ya bima nimeisoma mara tatu. Shida yote imo kwenye mstari mmoja, na mstari wenyewe una herufi moja na tarakimu nne: S82.60.

Kila ugonjwa unaotibiwa hospitalini hupewa msimbo kutoka orodha ya Shirika la Afya Duniani, ile tunayoiita ICD. Msimbo ulio kwenye barua yako ni wa toleo la 10, ndilo nililosomea mimi, ingawa toleo la 11 lilianza kutumika rasmi Januari 2022. S82 ni mvunjiko wa mguu kuanzia chini ya goti hadi kifundoni. Kile kinundu cha mfupa unachokigusa upande wa nje wa kifundo kikivunjika peke yake, ni S82.6. Cha ndani peke yake ni S82.5. Vikivunjika vyote viwili, unahamia S82.8. Mwishoni huongezwa tarakimu moja: 0 ikiwa ngozi ni nzima, 1 ikiwa ngozi imepasuka hadi kwenye mfupa.

Sasa isome ile barua kwa macho ya karani wa bima. Iwe ni bima ya chama au ni SHA, bima ya afya ya serikali iliyochukua nafasi ya NHIF Oktoba 2024, anayekagua madai hamwoni mgonjwa, anaona msimbo. Mbele yake yupo mtu aliyevunjika kinundu cha nje tu, ngozi nzima. Akifungua bili anakuta jeraha limeoshwa mara mbili, vyuma vya nje, bamba upande wa nje na skrubu mbili upande wa ndani. Jeraha gani, ikiwa ngozi haikupasuka? Skrubu za ndani za nini, ikiwa upande wa ndani ni mzima? Akakata. Kwa hilo simlaumu. Mdogo wako alistahili S82.81, na pembeni yake V23.4, msimbo wa dereva wa pikipiki aliyegongana na gari dogo barabarani.

Kosa la namna hii huanzia kwenye kalamu ya daktari aliyechoka. Ametoka kupasua saa nane za usiku, wagonjwa wengine wanamngoja, anaandika kwenye faili alama ya #, ambayo kwa madaktari maana yake ni mvunjiko, kisha “kifundo”, kisha ORIF, yaani mfupa umefunguliwa, ukapangwa na kukazwa kwa vyuma. Basi. Kifundo cha mguu gani? Kinundu kipi? Ngozi ilikuwaje? Faili inafika kwetu asubuhi na hatuna ruhusa ya kubuni. Jambo lisipoandikwa, kwetu halikutokea.

Nayasema haya kwa uchungu kwa sababu niliwahi kufanya kosa hilohilo. Mwaka wangu wa pili kazini nililetewa faili ya fundi cherehani, limeandikwa # na “kifundo” tu. Nilipaswa kupanda ngazi kwenda wodini nimuulize daktari. Ilikuwa Ijumaa jioni, faili zimerundikana, nikaandika kinundu cha nje, ngozi nzima, nikaenda nyumbani. Bima ililipa nusu. Miezi miwili baadaye yule baba alikuja dirishani kwangu kwa magongo, mguu wa suruali umekatwa na kukunjwa kwa pini, akiuliza kama kuna njia, maana alikuwa ameuza cherehani yake. Tulirekebisha na bima ikalipa iliyobaki, lakini cherehani haikurudi. Tangu siku hiyo hakuna faili ya mfupa inayotoka mezani kwangu bila mimi kusoma maelezo ya upasuaji na taarifa ya eksirei.

Kwa hiyo fanya hivi. Mdogo wako ni mtu mzima na rekodi ni zake. Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019 inampa haki ya kuziona na ya kuomba zisahihishwe zikiwa na kosa. Kama hawezi kutembea, akuandikie barua yenye sahihi yake na nakala ya kitambulisho. Nenda ofisi ya rekodi, si dirisha la malipo. Omba nakala ya maelezo ya upasuaji, ile karatasi daktari anayoandika baada ya kupasua, na taarifa ya eksirei ya siku ya ajali. Ukizipata, mwombe daktari aandike nyongeza yenye tarehe ya leo na sahihi yake: mguu wa kulia, vinundu vyote viwili, ngozi ilipasuka, kilichofanywa ni hiki na hiki. Yale ya zamani yasifutwe wala kuandikwa upya, maana faili iliyofutwa-futwa bima huitilia shaka hata kama ni ya kweli. Rekodi wakibadilisha msimbo kwa kufuata nyongeza hiyo, madai yarudishwe yakiwa na barua ya maelezo. Ile 186,000, iombe hospitali kwa maandishi isubiri jibu la pili la bima. Barua hiyo baki na nakala yake iliyopigwa muhuri.

Hapa nakuomba jambo moja. Usimwombe daktari aandike kisichokuwepo ili pesa zitoke. Ukweli wa mguu huu unatosha kabisa kulipisha bima.

Tuje kwenye plasta. Jirani yenu huenda alivunjika kinundu cha nje tu na kifundo kikabaki mahali pake, na huyo plasta inamtosha. Seremala wa Gikomba akiunga mguu wa meza huchimba tundu upande mmoja na kuchonga ulimi upande wa pili. Kifundo kimeungwa vivyo hivyo: vinundu viwili ndio kuta za tundu, na mfupa ulio juu ya kisigino ndio ulimi. Kuta zote mbili zikivunjika, ulimi unateleza hata ndani ya plasta. Ukihama milimita moja tu, sehemu ambayo mifupa inagusana inapungua sana, uzito wote unaelemea mahali padogo, na mtu anaweza kuingia miaka ya arobaini na kifundo cha mzee. Ndiyo maana hupangwa na kukazwa kwa bamba na skrubu.

Na zile siku kumi na moja hazikuwa za kuongeza bili. Mfupa uliotokeza nje hauna subira: dawa ya kuua bakteria na kuosha jeraha ni mambo ya siku ya kwanza. Lakini bamba likiwekwa chini ya ngozi iliyovimba hadi inang'aa, kidonda kinaweza kukataa kufunga. Kwa hiyo vyuma vya nje hushikilia mifupa wakati uvimbe unashuka, na daktari hupita kila asubuhi kuangalia kama ngozi ya kifundo imeanza kufanya vikunjo vidogo, kama ganda la embe lililokaa siku nyingi. Vikunjo vikionekana, ndipo hupanga siku ya kisu.

Asikanyagie mguu huo mpaka daktari amruhusu, mara nyingi ni wiki sita hivi, na sigara aache kabisa, maana inachelewesha mfupa kuunga.

SWALI: Mama, niko mafunzoni kwenye ofisi ya rekodi. Mgonjwa aliyevunjika kinundu cha nje mwaka jana alikuja kutolewa bamba. Mkubwa wangu akaandika S82.60 tena. Nilinyamaza. Je, ni sawa?
Mwanafunzi, Ngara

JIBU: Si sawa, mwanangu. Huyo hakuvunjika tena. Aliyekuja kutolewa bamba au skrubu za mfupa uliokwisha kuunga ni Z47.0. Ukimpa S82 mara ya pili, takwimu zitahesabu mivunjiko miwili kwenye mguu uliovunjika mara moja, na bima itauliza ajali mpya ilitokea lini. Mfupa ukikataa kuunga ni M84.1, ukiunga kombo ni M84.0, na aliyebaki na ulemavu wa mvunjiko wa zamani wa mguu tafuta T93.2.

Ukikutana na bima ya nje inayotaka misimbo ya Marekani, usishangae ikiwa mirefu. Wao huandika hadi mguu ni wa kulia au wa kushoto, mfupa umehama au haujahama, na herufi ya mwisho husema kama mgonjwa bado yuko kwenye matibabu ya mvunjiko wenyewe au amefika hatua ya kufuatiliwa. S82.841A ni vinundu viwili vya mguu wa kulia, mifupa imehama, ngozi nzima, matibabu ya mwanzo. Upasuaji wake nao una orodha nyingine kabisa, CPT, na humo kukaza vinundu viwili ni 27814.

Mkubwa wako mwonyeshe ukurasa wa Z47 mkiwa wawili tu, saa ambayo hakuna foleni dirishani.